Mgongo wa Shaba

Karatasi ya shaba huipigi usoni.
Unailaza kifudifudi juu ya lami yenye joto,
unapiga mgongo,
na kinachoumia nyuma ndicho kinachosimama mbele.
Hilo alinifundisha baba, hapa hapa Kamalondo,
kabla sijajua kusoma.

Enjenere Halvor alikuja Jumamosi,
viatu vyekundu kwa vumbi la mgodi,
akanifungulia picha kwenye simu:
mashua nyembamba kama ganda la haragwe,
shingo yake imeinuka juu, imekuwa nyoka mwenye meno.
"Nipigie hii. Mita moja. Nasafiri nayo mwezi wa sita."
Kwao, akasema, nyoka huyo yuko kwenye jezi,
kwenye kopo la samaki, kwenye kitambaa cha meza;
mtoto akizaliwa mkaidi
bibi yake hujigamba: hiyo ni damu ya Wavikingi.

Nikamuuliza, "Bale balikuwa bantu ya namna gani?"
Akakuna ndevu.
"Wasafiri. Wachuuzi. Mabingwa wa maji."
"Na kule walikofika?"
Akacheka, kicheko cha mtu
aliyedaiwa deni la babu yake.
"Ni zamani sana," akasema,
akaacha nusu ya bei.

Zamani sana. Neno hilo nalijua,
hulala kwetu, lina mkeka wake.

Maana miye ni Muyeke.
Siku ya sherehe tunavaa simbi la duara kifuani
na tunasema: babu walitoka Usumbwa
na ushanga, na chumvi, na dawa ya ndui,
wakauliza njia ya shaba,
wakapewa binti, wakapewa kiti.
Wakapewa, ndivyo tunavyosema.
Ng'ambo ya ukuta anakaa Mama Kyalwe, Musanga.
Ngoma ile haichezi.
Siku moja, akipepeta unga, bila kuinua macho:
"Benyu balikuya na bunduki.
Chumvi ilikuwa yetu."

Wiki tatu nilipiga.
Makasia kumi na sita, ngao, mawimbi
(bahari sijaiona, nikaazima mikunjo ya kitenge).
Nyuso za wapiga makasia sikuzijua,
nikawapa za wajomba zangu:
mashavu mapana, macho ya watu wasioomba njia.
Ziliwakaa vizuri mno.

Usiku wa mwisho umeme ulikatika.
Nikawasha mshumaa, nikaigeuza karatasi, nikachukua msumari.
Msumari mwepesi hautokezi mbele.
Nikachora ukingo wa maji, vibanda vinne, moshi,
mwanamke anakimbia na kitu mikononi,
mtoto au chungu,
msumari haukuamua.

Halvor alipoiona alilia. Kweli, alilia,
mtu mzima wa mita mbili,
akasema baba yake angeipenda,
akaifunga kwenye blanketi kama mgonjwa.
Itatundikwa huko, uso kwa wageni,
mgongo kwa ukuta,
na ukuta hausomi.

Simcheki. Taifa haliwezi kulala uchi.
Kila watu huchagua babu wa kujifunika,
na babu aliyetisha
ndiye mwenye joto zaidi.

Ukutani kwangu kuna msalaba wa shaba, mzito,
ule wa kale, uliokuwa pesa.
Baba alisema ulinunua majembe.
Hakusema majembe tu.
Jana niliushusha.
Nyuma yake hapana kitu,
ni laini, kama uso wa mtu aliyekataa kujibu.
Nilikaa nao magotini mpaka jua likashuka
nyuma ya lile bomba refu la kiwanda na mlima wake mweusi.
Kisha nikaanza kupekua droo.

Mke wangu, Chansa, akauliza natafuta nini.
Niliona haya kusema msumari.
Nikasema: chumvi.

"Imeisha," akasema, anasonga bukari.
"Nenda ukaombe kwa Mama Kyalwe."